Pikipiki ya Mabogini na ukungu wa kutengeneza

(Mazungumzo haya yalisomwa redioni wiki hii katika kipindi cha maoni. Tunayachapa hapa kwa faida ya wasomaji wetu.)



Siku chache zilizopita nilialikwa Mabogini kwenye sherehe ya kipaimara cha mtoto wa jamaa yangu. Mabogini si mbali. Ukitoka mjini Moshi ukaelekea kusini, njia ya kwenda kwenye mashamba ya miwa ya TPC, unakutana na mifereji ya skimu ya Lower Moshi, ile iliyojengwa kwa ushirikiano na Japani na kukamilika mwaka 1987. Mpunga kushoto, mpunga kulia, na Kibo nyuma yako amekaa kimya na kofia yake nyeupe. Nilikwenda kula na kunywa, lakini nilirudi na jambo ambalo limenikosesha usingizi, na ndilo ninalotaka tulizungumze leo.

Nilipofika nilikuta wanaume hawapo kwenye turubai la sherehe. Walikuwa chini ya mwembe wa jirani, wamemzunguka mwenyekiti wa kitongoji, na mwenyekiti ameshika simu. Siku tatu kabla, kijana wa bodaboda alikuwa amemgonga mama mmoja aliyekuwa akivuka barabara ya mfereji na mkungu wa ndizi kichwani. Mama alivunjika mkono. PF3 ilikwisha kuchukuliwa, mkono ulikwisha kufungwa, na sasa familia mbili zilikuwa zinatafuta kuelewana juu ya gharama za matibabu na siku ambazo yule mama hataweza kufanya kazi.

Ushahidi ulikuwa ndani ya simu. Siku ile ya ajali, kijana mwingine, mpiga picha za video za harusi, alikuwa kando ya mfereji akipiga picha za mandhari. Mpunga, maji, mlima, watu wakipita. Pikipiki ile ilipita mbele ya kamera yake muda mfupi kabla ya ajali. Yeye akaichukua ile picha, akaipeleka kwenye kompyuta, akaitengeneza ipendeze, akaiweka mtandaoni pamoja na muziki. Kabla ya jioni ilikuwa imezunguka kijiji chote.

Mwenyekiti akanionyesha. Kwa kweli, msikilizaji, mimi mwenyewe nilishtuka. Pikipiki ilipita kama mshale. Magurudumu hayakuonekana, dereva alikuwa mstari wa rangi, nyuma yake hewa imechanika. Mzee mmoja akasema, "Huyu alikuwa anaruka, si anaendesha." Mwingine akasema kilomita 100 kwa saa, mwingine akasema 120. Kijana wa bodaboda ameinamisha kichwa anasema, "Shikamooni wazee wangu, naapa sikuwa na mwendo huo." Nani atamwamini wakati picha inaonekana?

Hapo ndipo yule mpiga video aliposimama. Ni kijana wa miaka ishirini na kitu, na sauti yake ilikuwa inatetemeka. Akasema, "Mzee mwenyekiti, naomba radhi. Ule ukungu niliuweka mimi."

Kukawa kimya. Kisha wazee wakaanza kuulizana: ukungu gani? Unawekwaje? Kwa hiyo picha ni ya uongo? Kwa kuwa mimi ni mtu wa redio, wakadhani najua kila kitu chenye waya, wakaniomba nieleze. Nilieleza kidogo niliyoyajua, na mengine nimejifunza baada ya hapo. Leo nawaletea yote kwa utaratibu, maana jambo hili si la Mabogini peke yake.

Tuanze na jicho lako. Inua mkono wako mbele ya uso, tanua vidole, kisha upunge haraka haraka. Unaona nini? Huoni vidole vitano vilivyosimama. Unaona kitu kama pazia jembamba, mkono uliotandazwa hewani. Huo ndio ukungu wa mwendo. Vijana wa kazi hiyo wana jina lake la Kizungu, lakini sisi tutauita ukungu wa mwendo, maana ndivyo ulivyo. Kitu kikienda haraka kuliko jicho linavyoweza kukishika, kinaacha mkia.

Kamera nayo ina jicho. Video, kama wengi mnavyojua, si picha moja inayotembea. Ni picha nyingi zilizosimama, ziitwazo fremu, zinazopitishwa moja baada ya nyingine. Sinema kwa desturi hupitisha fremu 24 kwa sekunde. Televisheni katika nchi zetu ilijengwa juu ya fremu 25 kwa sekunde, na wapiga video wetu wengi bado wanatumia hizo 25. Kila fremu inapopigwa, kamera inafungua dirisha lake, ambalo tuliite shata, nuru inaingia, kisha shata inajifunga. Kitu kikisogea wakati shata iko wazi, kinaacha mkia kwenye fremu hiyo. Shata ikikaa wazi muda mrefu, mkia unakuwa mrefu. Ikifunguka na kufunga upesi mno, hakuna mkia.

Katika kamera za zamani za sinema, shata ilikuwa sahani ya duara inayozunguka mbele ya filamu, nusu yake imekatwa. Inazunguka mara moja kwa kila fremu. Nusu ya mzunguko nuru inapita, nusu nyingine nuru imezibwa na filamu inasogezwa. Duara zima lina nyuzi 360, na nusu yake ni nyuzi 180. Ndiyo maana hadi leo, hata kwenye kamera zisizo na sahani yoyote, mafundi wanasema "shata ya nyuzi 180", maana yake ni kwamba kila fremu inapata nuru kwa nusu ya muda wake. Kwa fremu 25 kwa sekunde, kila fremu ina sehemu moja ya 25 ya sekunde, na nusu yake ni sehemu moja ya 50. Kwa zaidi ya miaka mia moja ya sinema macho ya walimwengu yamezoea kipimo hicho. Tukiona mkia wa namna hiyo tunasema mwendo ni wa kawaida.

Sasa njoo Mabogini saa saba mchana. Jua la tambarare lile mnalijua. Kamera ikiachiwa iamue yenyewe, inaona nuru imezidi, basi inafungua shata kwa muda mfupi mno, pengine sehemu moja ya 2,000 ya sekunde. Picha inatoka safi kama kisu. Lakini ukiitazama ikienda, kuna kasoro. Watu wanatembea kama wanadunda, mbwa anakimbia kwa kushtukashtuka, na wanaopiga mpunga mikono yao inaruka kutoka hapa hadi pale bila kupita katikati. Sababu ni kwamba kila fremu ni kali, haina mkia wa kuiunganisha na fremu inayofuata. Macho yanakosa daraja.

Wako waliolitumia jambo hilo makusudi. Katika filamu ya Saving Private Ryan ya mwaka 1998, mwongozaji Steven Spielberg na mpiga picha wake Janusz Kamiński walibana shata hadi nyuzi 90 na 45 katika mapigano ya ufukweni, ili kila tone la mchanga lionekane na mtazamaji apate wasiwasi wa askari. Hiyo ni vita. Bibi harusi anayecheza na wajomba zake hataki kuonekana kama yuko vitani.

Dawa ya kwanza, na iliyo bora, inafanyika palepale uwanjani. Mpiga picha anaweka mbele ya lenzi kioo cheusi, kama miwani ya jua, nuru inapungua, na shata inaweza kukaa wazi sehemu moja ya 50 ya sekunde kama inavyotakiwa. Lakini kioo hicho kinauzwa, na kijana anayeanza kazi kwa kamera ya kuazima hana. Na hata mwenye nacho, pengine amesahau. Harusi haiwezi kurudiwa.

Ndipo inakuja dawa ya pili, ya kwenye kompyuta, baada ya picha kwisha kupigwa. Programu ya kuhariri inachukua fremu moja na kuilinganisha na inayofuata. Inauliza kila chembe ya picha: ulikuwa hapa, sasa uko wapi? Kofia ya dereva ilikuwa kushoto, sasa imesogea kulia kidogo. Gurudumu nalo limesogea. Mlima haukusogea. Kutokana na majibu hayo programu inachora mishale isiyoonekana, kila chembe na mshale wake, unaoonyesha upande na umbali. Kisha inaivuta kila chembe kufuata mshale wake, kama mama anavyoburuta kidole kwenye unga. Kilichosogea sana kinavutwa sana, kilichosogea kidogo kinavutwa kidogo, na kilichosimama kinaachwa. Mkia ambao shata haikuuandika, kompyuta inaukisia.

Ni kazi ya ajabu, lakini nasema kwa makusudi kwamba kompyuta inakisia. Haikuwapo uwanjani. Na mandhari ya Mabogini ni katika yale yanayoipa shida zaidi. Fikiria shamba la mpunga: jani hili linafanana na lile, na lile linafanana na la tatu. Upepo ukivuma, programu haijui ni jani lipi limekwenda wapi, inapachika mishale ovyo, na shamba linachemka kama uji. Maji ya mfereji yanayometa ni hivyo hivyo. Spoku za baiskeli nazo zinafanana zote, basi kompyuta inaweza kudhani gurudumu limezunguka kinyumenyume. Na mtu akipita mbele ya mlima, sehemu ya mlima iliyokuwa imefichwa nyuma ya kichwa chake inatokea ghafla. Programu inatafuta ilikotoka, haipati, inaamua kuuvuta ukingo wa Kibo pamoja na kofia ya mtu. Nimeonyeshwa picha ya namna hiyo. Kibo alikuwa anayumba kama mlevi.

Fundi mzuri hakubali hayo. Anakata picha katika matabaka. Anamtenga mtu, anamtenga mlima, anaweka ukungu kwa mtu peke yake. Anapita fremu kwa fremu kutafuta kingo zilizoharibika. Na anakumbuka jambo ambalo wengi wanalisahau: kama kamera yenyewe ilikuwa inamfuata mkimbiaji, mkimbiaji ndiye anayebaki mkali na nyuma yake ndiko kunakokuwa na mkia. Ukitazama mbio za Kilimanjaro Marathon, zinazofanyika hapa Moshi tangu mwaka 2003, utaona hivyo kila picha ikipigwa kutoka kwenye chombo kinachokwenda sambamba na wakimbiaji. Kifua cha mkimbiaji kinaonekana vizuri, miguu na mikono ina ukungu kiasi, na watu wanaoshangilia barabarani wamekuwa mistari. Anayeweka ukungu sawasawa kila mahali, kama mtu anayepaka rangi ukuta, hajauelewa mwendo.

Kuna pia gharama ya muda. Tuseme filamu ya harusi ni ya dakika 10 tu. Dakika 10 mara sekunde 60 mara fremu 25 ni fremu 15,000. Kama kompyuta inahitaji sekunde nne kwa kila fremu kuweka ukungu huo, hiyo ni sekunde 60,000, yaani saa 16 na dakika 40. Umeme ukikatika saa ya kumi na nne, mwenye harusi hataki kusikia hadithi hiyo.

Msikilizaji, pengine unajiuliza, kwa nini watu wajitese hivi kwa ajili ya ukungu? Jibu liko kwenye filamu za vibonzo, ambako tatizo hili ni la miaka mingi. Vikaragosi vilivyotumika katika filamu ya King Kong ya mwaka 1933 vilisogezwa kwa mkono kidogo kidogo, kila mkao ukapigwa picha moja. Kwa kuwa kikaragosi kilikuwa kimesimama kila kilipopigwa picha, hakikuwa na mkia wowote. Ndiyo maana wanyama wale, pamoja na uhodari wote wa mafundi, wanatembea kwa kustukastuka. Katika filamu ya Dragonslayer ya mwaka 1981, fundi Phil Tippett na wenzake walitumia mota kumsogeza joka la kikaragosi wakati shata iko wazi, ili apate mkia wa kweli. Waliochora kwa mkono walikuwa na njia yao: wakati mhusika anaruka, mchoraji anachora fremu moja au mbili ambazo mtu amevutwa kama ugali wa moto, kichwa huku na miguu kule. Chuck Jones aliitumia sana mbinu hiyo katika kibonzo cha The Dover Boys mwaka 1942.

Kompyuta zilipoanza kuchora, tatizo likarudi upya. Mwaka 1984 mafundi watatu wa Lucasfilm, Robert Cook, Thomas Porter na Loren Carpenter, walichapisha njia ya kuipa kila nuru ya kompyuta wakati wake ndani ya ule muda ambao shata iko wazi. Nuru hii inaukuta mpira ulipoanza, nyingine inaukuta katikati, nyingine mwisho. Zikijumlishwa, mkia unatokea wenyewe. Picha waliyoonyesha ni ya mipira ya biliadi, mingine imetulia na mingine inakimbia na mikia yake. Mwaka huohuo ukungu wa namna hiyo ulionekana katika filamu fupi ya The Adventures of André & Wally B. Kundi hilo la kompyuta la Lucasfilm ndilo lililojitenga mwaka 1986 na kuwa kampuni ya Pixar.

Angalia tofauti. Katika kibonzo cha kompyuta, mashine inajua mpira uko wapi kila wakati, kwa sababu yenyewe ndiyo iliyousogeza. Haikisii. Kwenye video ya Mabogini, mashine inakisia. Na hata katika vibonzo, busara inatakiwa. Afrika Mashariki nasi tumo katika kazi hii. Tinga Tinga Tales, iliyoanza kuonyeshwa mwaka 2010, ilitengenezwa Nairobi kwa kufuata mtindo wa uchoraji ulioachwa na Mtanzania mwenzetu Edward Saidi Tingatinga. Ubongo Kids, kipindi cha watoto cha kutoka Dar es Salaam, kilianza kuonekana TBC1 mwaka 2014. Kijana wa kwetu anayetaka kufuata njia hizo na ajue kwamba mchoro wa vidoti na rangi kali ukimwagiwa ukungu mwingi, vidoti vinayeyuka na uzuri wenyewe unapotea. Ukungu ni kama chumvi.

Turudi sasa chini ya mwembe, maana tumemwacha kijana wa bodaboda ameinamisha kichwa.

Nilimwuliza mpiga video, "Picha ya kwanza, ile ambayo hujaigusa, unayo?" Akasema, "Ipo mzee, kwenye memori kadi." Nakwambia msikilizaji, kauli hiyo ndiyo iliyookoa siku. Akaileta. Tukaitazama kwenye kompyuta yake. Ilikuwa pikipiki ileile, barabara ileile, lakini hakuna mkia wowote. Hata tarakimu za kibao cha namba zilisomeka.

Kwenye picha kulikuwa na milango miwili ya kugawia maji, kando kabisa ya barabara. Mwenyekiti akatuma vijana na futi ya fundi, wakapima kati ya mlango na mlango wakapata meta 15. Tukahesabu fremu kuanzia gurudumu la mbele lilipofika usawa wa mlango wa kwanza hadi lilipofika usawa wa mlango wa pili. Zilikuwa fremu 45. Kwa fremu 25 kwa sekunde, fremu 45 ni sekunde moja na nukta nane. Meta 15 kwa sekunde 1.8 ni meta 8 na theluthi moja kwa sekunde. Zidisha kwa 3.6, unapata kilomita 30 kwa saa.

Wazee hawakuamini. Wakasema, mbona tulimwona anaruka? Basi nikaomba karatasi, na wewe pia chukua kalamu ufuate. Mwendo wa meta 8.33 kwa sekunde, shata ikiwa wazi kwa sehemu moja ya 50 ya sekunde, unaacha mkia wa sentimeta 17 hivi. Huo ndio mkia wa haki kwa mwendo ule. Kwenye picha ya asili, iliyopigwa juani kwa sehemu moja ya 2,000 ya sekunde, mkia ulikuwa milimeta 4 tu, ndiyo maana hatukuuona. Sasa kijana alipoweka ukungu hakuishia kwenye nyuzi 180. Programu nyingi zinakuachia uvuke mpaka wa asili. Adobe After Effects, kwa mfano, inakubali hadi nyuzi 720, yaani mizunguko miwili mizima ya ile sahani, jambo ambalo kamera ya kweli haiwezi. Yeye aliipandisha mpaka mwisho, kwa sababu ilipendeza na muziki. Nyuzi 720 ni mara nne ya 180. Mkia ukawa mara nne: sentimeta 67 hivi, zaidi ya nusu ya urefu wa pikipiki yenyewe kutoka gurudumu hadi gurudumu. Na jicho lililozoea mkia wa kawaida, likiona mkia wa mara nne, linasoma mwendo wa mara nne. Mara nne ya 30 ni ngapi? Ni 120. Yule mzee aliyesema 120 hakuwa mjinga. Jicho lake lilifanya hesabu sawasawa, ila lilipewa tarakimu za kughushi.

Nataka niseme kweli yote. Idadi ya fremu haikubadilika. Hata kwenye ile picha iliyotengenezwa zilikuwa 45. Lakini nani anahesabu fremu kwenye simu? Na angehesabu, asingejua gurudumu linaanzia wapi na linaishia wapi, maana ukingo wake ulikuwa umetandazwa. Ukungu wa kweli ni alama ambayo mwendo umeiacha. Ukiijua shata, unaweza kupima mkia na kujua mwendo. Ukungu wa kutengeneza unaifuta alama hiyo na kuweka nyingine juu yake.

Je, kijana wa bodaboda alikuwa hana hatia? La. Mwenyekiti alimwuliza kwa upole, "Mwanangu, kilomita 30 siyo kuruka. Lakini ulipiga honi?" Akajibu hapana. "Ulipunguza ulipomwona mama yako na mkungu kichwani?" Akanyamaza. Wakakubaliana kwamba atachangia matibabu na atamletea yule mama kibarua wa shambani mpaka mkono upone. Alikubali na kushukuru. Tofauti ni kwamba alilipa kwa kosa alilolifanya, na siyo kwa kosa lililotengenezwa kwenye kompyuta. Kwa kijana anayeishi kwa pikipiki, kuitwa mzembe na kuitwa muuaji ni mambo mawili mbalimbali.

Nisije nikaonekana ninawanyooshea kidole vijana wa video peke yao, naomba na mimi nitubu hapa. Miaka ya mwanzo ya kazi yangu niliwahi kwenda kuripoti mkutano mmoja uliohudhuriwa na watu wachache. Nilipohariri nikaona sauti imepoa. Nikachukua makofi ya mkutano mwingine, nikayaweka mwishoni mwa hotuba. Ilipendeza kweli kweli. Siku ya pili mzee mmoja aliyekuwapo mkutanoni alinikuta njiani akaniuliza, "Bwana mtangazaji, wale waliopiga makofi walikuwa wamekaa wapi?" Nilikosa jibu, na mpaka leo sina. Makofi yale yalikuwa ukungu wangu wa kutengeneza.

Kwa hiyo, mpenzi msikilizaji, sisemi ukungu usiwekwe. Katika harusi, katika muziki, katika tangazo la biashara na katika vibonzo, ni ufundi halali, na anayeujua alipwe vizuri. Mtu anayewarudishia wacheza ngoma mkia ambao jua kali liliwanyima hadanganyi. Anarudisha kile ambacho jicho lingekiona lenyewe. Lakini wenye kazi hiyo nawaomba mambo manne. Kwanza, jitahidini kupata mkia uwanjani, kwa kioo cheusi na shata ya nyuzi 180, kabla ya kuitegemea kompyuta. Pili, mnapouweka, msivuke kipimo ambacho kamera ya kweli ingekiandika, isipokuwa pale ambapo kila mtazamaji anajua ni mchezo. Tatu, picha ya habari, ya ajali, ya ugomvi au ya jambo lolote linaloweza kumfikisha mtu mbele ya wazee au mbele ya hakimu, msiiguse kabisa. Nne, picha ya asili msiifute. Memori kadi ni rahisi kuliko jina la mtu.

Na sisi watazamaji tuna sehemu yetu. Wahenga walisema mwenye macho haambiwi tazama. Katika siku zetu mwenye macho inabidi aambiwe. Tukiletewa picha inayokimbia mno, kabla hatujamhukumu mtu tuulize swali lile alilouliza mwenyekiti wa Mabogini aliponirudishia karatasi yangu ya hesabu: "Ya kwanza iko wapi?"